Shimo la Dole Gumba

Kabla sijasahau: lile kopo la gundi ya viatu lililotundikwa kwenye msumari nje ya mlango wa karakana lisitupwe. Wiki iliyopita Neema alinipigia simu kuniuliza kama alitupe, kwa kuwa limeshika kutu na linanuka. Neema, wewe ndiye msimamizi sasa, na sina nia ya kukuingilia. Lakini kopo hilo liache. Sababu yake ni ndefu kidogo, ndiyo maana nimenunua daftari.

Wewe na wenzako pia mmeniuliza mara nyingi kwa nini kila picha tunayoitundika, kipande chake cha mwisho hubonyezwa kwa dole gumba lililoguswa na gundi hiyo, mpaka kinabaki na shimo. Nimewasikia mkiwaeleza wateja. Mmoja wenu alimwambia mama mmoja kwamba ni mila ya Wanyakyusa tangu enzi za mababu. Mwingine alisema ni baraka kwa maharusi. Nilikuwa nimekaa pale pale nakata vipande, nikanyamaza, kwa sababu mteja alikuwa ameshafurahi na mimi sikutaka kumharibia. Sasa nimestaafu, naweza kusema. Mababu hawahusiki kabisa. Lile ni kosa langu mimi Filipo.

Nianze mwanzo. Mimi nilikuwa fundi viatu pale Ipogolo, Iringa, kando ya barabara kuu, mahali mabasi ya Dar na Mbeya yanaposimama abiria wanyooshe miguu. Nilikuwa na kisu, sindano mbili, kipande cha tairi la lori na kopo la gundi. Gundi ndiyo ilikuwa fahari yangu. Mafundi wengine walishona, mimi nilibandika, na nilichobandika hakikubanduka. Nilikuwa natamba kwamba soli yangu itamzika mwenye kiatu.

Siku moja basi la kwenda Mbeya lilisimama kupoza injini, akashuka mama mmoja mrefu, kitenge kiunoni, kiatu kimoja mguuni na kingine mkononi. Mkanda ulikuwa umekatika. Dereva alikuwa anapiga honi, kwa hiyo nilikata mkanda mpya kwenye tairi bila kuchora mstari, nikabandika, nikamvisha. Badala ya kukimbilia basi akasimama ananitazama.

"Unakata bila kupima?" aliniuliza.

"Napima kwa jicho, mama."

"Na jicho likikosea?"

"Mteja anavaa hivyo hivyo."

Alicheka mpaka kondakta akashuka kumfuata. Akiwa mlangoni mwa basi aligeuka akaniambia kwamba yeye ni Mama Atupele, anakaa Mbalizi nyuma ya soko, na ana kazi ya kukata na kubandika kutwa nzima. "Ukichoka kula vumbi la mabasi, njoo," alisema. Mtu akimwambia fundi viatu kwamba kuna kazi ya kukata na kubandika, anafikiria viatu. Baada ya wiki tatu nilifunga virago, nikaenda Mbalizi kutengeneza viatu.

Nilipoingia karakanani nilikuta ukutani picha kubwa ya mlima, yenye vipande zaidi ya elfu, kila kimoja kama ukucha. Nilidhani ni mawe. Mama Atupele akaniambia niishushe. Nilijipanga kama mtu anayebeba gunia la viazi, nikainyanyua kwa nguvu zangu zote, nikarudi nyuma hatua tatu na kukaa kwenye ndoo ya rangi. Picha nzima ilikuwa nyepesi kuliko koti langu. Ilikuwa ni povu, yale mapovu makavu meupe ambayo friji na televisheni hufungiwa nayo ndani ya maboksi ili zisivunjike njiani. Watu wa mjini waliyatupa. Mama Atupele aliyakusanya, akayakata, akayapaka rangi, akapanga vipande kimoja kimoja kwenye ubao mpaka ikatoka picha ya kupamba kumbi za harusi, migahawa na makanisa.

Nilivunjika moyo, siwafichi. Mwanamume mzima, nimepanda basi na kopo langu, nakuja kubandika takataka za friji.

Asubuhi ile mezani kulikuwa na jogoo wa mgahawa mmoja wa Mwanjelwa, amekamilika isipokuwa kilemba. Mama Atupele alinionyesha vipande vyekundu, akasema nivibandike kichwani, yeye anakwenda sokoni mara moja. Pembeni kulikuwa na bakuli la gundi nyeupe ya maseremala, nzito kama mtindi. Niliitazama kwa dharau. Nikafungua kopo langu.

Nilipaka nyuma ya kipande cha kwanza, nikakiweka chini kisubiri kidogo, nikageuka kuchukua cha pili. Niliporudi, cha kwanza kilikuwa kimebaki nusu. Nilitazama chini ya meza nikidhani kimevunjika. Nikapaka cha pili, na safari hii sikugeuka. Kilisinyaa mbele ya macho yangu kama mafuta ya nguruwe kwenye kikaango. Mtu mwenye akili angeacha hapo. Mimi ni Mhehe. Nilisema nitashindwaje na kitu kisicho hata na uzito, nikaongeza gundi. Mama Atupele aliporudi, jogoo alikuwa hana kilemba, hana jicho, na shingo imebaki kama kamba.

Alimwinamia yule jogoo.

"Jogoo wangu amekula nini?" aliuliza.

"Gundi, Mama."

Alichukua kopo, akalinusa, akalishika kwa vidole viwili kama mtu aliyeshika panya. "Hii inakula povu kuliko mchwa. Mbona hukuuliza?"

"Na wewe Mama mbona hukusema ni povu?"

Nilijua nimefukuzwa. Nikaanza kutafuta begi langu kwa macho. Yeye akatoka nje, akagongelea msumari ukutani kando ya mlango, akalitundika kopo hapo. "Hili halitaingia ndani humu mpaka nife," alisema. "Wewe ingia. Utamtengeneza jogoo upya, kuanzia ukucha."

Ilinichukua wiki mbili, na katika wiki hizo mbili nilijifunza karibu kila kitu ninachokijua. Nilijifunza kwamba kisu cha kukatia povu lazima kipitishwe kwenye mche wa sabuni kila baada ya mikato michache, la sivyo kinalichana na punje zinaruka. Punje hizo hushika nguo, nywele na ndevu, na hazitoki kwa kufutwa. Upepo wa Mbalizi ukiingia mlangoni, utazikuta mpaka kwenye ugali. Mama Atupele alikuwa na kuku wawili, na mimi ni shahidi kwamba kuku humeza kila kitu mara moja na povu mara mbili, maana mara ya kwanza hulitema. Nilijifunza kukata mikunjo kwa spoku ya baiskeli iliyopashwa moto kwenye jiko la mkaa, tena nje, maana moshi wake unauma kifua. Rangi ni ya maji tu, ile ya kupaka ukutani. Rangi ya mafuta na ile ya kupuliza ni ndugu za kopo langu.

Sasa ninyi mna mashine yenye waya wa umeme, inakata maua hamsini mkiwa mnachati. Sisemi kitu. Nasema tu kwamba sijawahi kuona spoku ikikosa umeme.

Jambo kubwa kuliko yote nilijifunza siku ya kumtundika yule jogoo. Ubao mrefu ukishikiliwa pembeni peke yake unapinda katikati, kwa hiyo lazima skrubu moja ipigwe katikati ya picha, na mahali pake kipande kimoja huachwa wazi. Ukishakaza skrubu, unakiweka kile kipande juu yake na picha inakuwa imekwisha. Kipande hicho cha mwisho Mama Atupele hakumruhusu mtu mwingine kukiweka. Alikifunga kwenye leso, akakibeba mwenyewe mpaka mgahawani, akasubiri skrubu ikazwe, akakibonyeza kwa dole gumba lake, akasema "Ndaga", yaani asante kwa Kinyakyusa. Sijui alikuwa anamshukuru nani. Kabla ya hapo, hata picha ikianguka kwenye gari, alisema haijawa kazi yetu bado, hatuna cha kuonea aibu.

Jogoo yule nilimkata mimi kuanzia ukucha mpaka kilemba. Nikanyoosha mkono niweke kipande cha mwisho, akanipiga kofi la vidole.

"Siku yako ipo," alisema.

Nilidhani anamaanisha mwezi ujao. Tangu siku hiyo nilikuwa na hamu moja tu katika kazi hii, na mtanicheka: kuweka kile kipande. Vyeo sikuvitaka, na hata hivyo havikuwepo, tulikuwa watu wawili na kuku wawili. Nilitaka siku moja anikabidhi ile leso na kusema kazi yako imefika. Mwaka wa pili Mama Atupele alijifungua kitinda mimba wake, Tumpe, nikasema labda sasa atachoka. Alikuja ukumbini na mtoto mgongoni, akabonyeza kipande, akasema ndaga.

Kuna kazi zilizonitoa jasho. Mwezi wa Juni Mbeya, kama mjuavyo, gundi haikauki, inakaa tu inatetemeka kama sisi. Mwaka mmoja tulikuwa na picha ya bwana harusi na bibi harusi, sura zao kabisa, na mimi kwa haraka zangu nikaisimamisha kabla ya siku tatu. Tulipofunua shuka ukumbini, jicho la bwana harusi lilikuwa limeteremka mpaka shavuni. Bibi harusi aliitazama, akamtazama mumewe, akasema, "Mbona ndivyo alivyo akiwa amelewa?" Harusi iliendelea. Lakini tangu hapo picha zote za Juni hulala chali siku tano, na jiko la mkaa lisiletwe karibu kuziharakisha, kwa sababu povu husinyaa kwa joto.

Nyingine ilikuwa ya Mwalimu Abdala, mwalimu wa madrasa kule Iringa mjini, ambaye babu yake alitoka pwani na biashara ya vitambaa. Alitaka ukuta wa nyota zenye pembe nane, bila mnyama, bila ndege, bila mtu. Mimi jicho langu la kupimia lilishindwa kabisa. Nyota zangu zilikuwa na pembe saba, na moja ilikuwa na tisa. Mwalimu Abdala hakunikaripia. Alileta msumari na uzi, akanionyesha namna ya kuchora duara na kuligawa mara mbili, mara nne, mara nane. "Jicho ni zuri, fundi," aliniambia, "lakini uzi hauna kiburi." Uzi ule ninao mpaka leo.

Gundi nyeupe ilikuwa imeadimika miezi ile, tukabandika nyota zake kwa uji wa unga wa ngano. Baada ya wiki mbili Mwalimu akaleta ujumbe: "Fundi, nyota zako zinapungua." Panya walikuwa wamekula uji na kuziangusha. Nilirudi, nikabandika upya, na safari hii nikachanganya pilipili kichaa kwenye uji. Panya hawakurudi. Ila wanafunzi walipiga chafya siku nne, na Mwalimu Abdala alinitumia salamu kwamba sasa hata Alif hawaimalizi. Msitumie uji wa ngano.

Povu lenyewe tulilipata kwa Bwana Karimu, muuza friji wa Mbeya mjini, ambaye alitutunzia maboksi yote. "Watu wananunua friji, nyinyi mnagombania nguo zake," alikuwa akisema. Televisheni zilipoanza kuwa nyembamba, povu lake nalo likawa jembamba, na Mama Atupele alilalamika kama mkulima aliyenyimwa mvua. Kila aliyenunua televisheni ya ukutani, yeye alimwona adui.

Miaka ikapita namna hiyo, na kila ukumbi nilikaza skrubu, nikasogea pembeni, naye akabonyeza. Wakati fulani alianza tabia mpya. Aliyapanga makopo ya rangi kwenye rafu kwa utaratibu wake, na ole wako ulisogeze moja. Kisha akaanza kunihoji. Anashika kopo, ananigeukia: "Filipo, hii ni kijani ya mgomba au ya mchicha?" Najibu ya mchicha. "Vizuri." Kesho tena. Nilikasirika, mtu nina mvi naulizwa rangi kama mtoto wa chekechea. Nilijua ananipima kabla ya kunikabidhi leso, kwa hiyo nilijibu kwa bidii. Namna nilivyokuwa mjinga inaniuma mpaka leo.

Sasa nafika kwenye harusi ya Tumpe, ambayo ndiyo sababu ya daftari hili.

Tumpe alipata mchumba Mngoni, kijana wa Songea anayefanya kazi Iringa, na harusi ikawa Iringa. Mama Atupele alisema picha ya meza kuu tutaitengeneza sisi kama zawadi: migomba ya Rungwe, mlima nyuma yake, na katikati nyumba ya kwao yenye mlango wa rangi ya kahawa. Mlango ndio ungekuwa kipande cha mwisho. Tuliifanya miezi miwili. Tukaifunga mablanketi, tukailaza juu ya magunia ya viazi kwenye gari, sisi tukakaa mbele na dereva. Na mimi nina siri moja ya kuwaambia. Kopo la msumarini lilibaki msumarini kama lilivyoamriwa, lakini miaka yote hiyo nilitembea na kikopo kidogo cha gundi ndani ya soksi, kwenye begi. Fundi viatu hawezi kusafiri bila gundi. Ni sawa na daktari bila miwani.

Ukumbini tuliitundika, nikakaza skrubu katikati, penye nafasi ya mlango. Mama Atupele alikuwa amekaa kwenye kiti, leso aliiweka kiti cha jirani. Niliinama kufunga ngazi. Nilipoinuka, leso ilikuwa bapa, na juu yake pamewekwa gunzi la hindi.

Mnajua Wahehe na Wangoni. Babu zetu walipigana mpaka wakachoka, wakabaki kutaniana, na mtani akikuibia kitu kwenye sherehe huruhusiwi kununa, unakikomboa. Nikaangaza ukumbi. Wageni walikuwa bado nje isipokuwa mama mmoja wa makamo, pochi mapajani, anayetazama dari kama mtu anayehesabu taa. Alikuwa shangazi wa bwana harusi, Shangazi Kolumba.

"We Mhehe," alisema bila kushusha macho, "umepoteza nini?"

"Mtani, nirudishie mlango wangu. Wageni wako nje."

"Mlango? Kumbe Wahehe siku hizi mna milango?"

"Tuliiweka baada ya kuwafahamu Wangoni. Nirudishie, nitakupa kuku."

"Kuku nitamla humu humu, nimeshamnusa jikoni." Akanyoosha mguu. Soli ya kiatu chake cha harusi ilikuwa imefumbua mdomo kama kambare. "Nimesikia ulikuwa fundi viatu. Nikienda kucheza na kiatu hiki nitaaibisha ukoo. Nibandikie, nikupe mlango wako."

"Sina gundi," nilisema, na nikamtazama Mama Atupele kwa pembe ya jicho.

"Anayo," Mama Atupele alisema kutoka kwenye kiti chake. "Iko kwenye soksi, begini. Nimeinusa tangu Makambako."

Shangazi Kolumba alicheka akapiga mapaja. Mimi nilipiga magoti, nikatoa kikopo changu cha siri mbele ya kadamnasi ya watu wawili, nikapaka, nikasubiri, nikabana soli kwa dole gumba kwa nguvu zote. Ilishika. Alisimama, akajaribu hatua mbili za lizombe, ngoma ya kwao, akaridhika. Akatoa mlango kwenye pochi, akauweka kwenye kiganja cha Mama Atupele, akaenda mlangoni kuwaita wageni.

Mama Atupele akasimama, akasogea kwenye picha. Nilikaa pembeni kama kawaida yangu. Alinyoosha mkono akaubonyeza mlango, na mlango ukagonga mlima. Akausogeza. Ukagonga mgomba. Akatulia na mkono wake hewani, kidole kimoja kinapapasa majani ya povu, na nikaona kwamba haioni ile nafasi. Skrubu ilikuwa inang'aa kama shilingi mbele ya uso wake, na haioni.

Ndipo maswali yote ya kijani ya mgomba na kijani ya mchicha yakanirudia kwa mpigo.

"Filipo," alisema kwa sauti ya chini. "Weka wewe."

Siku hiyo niliingoja ujana wangu wote, na ilipofika nilitamani irudi ilikotoka. Wageni walikuwa wanaingia na vigelegele vimeanza. Nilichukua mlango mkononi mwake haraka ili mtu asitambue, nikauweka juu ya skrubu, nikaubonyeza kwa dole gumba kwa heshima zote, kama nilivyomwona akifanya miaka nenda rudi.

Ukalia *fsss*.

Nilisahau dole langu. Lilikuwa bado bichi kwa gundi ya kiatu cha Shangazi Kolumba. Nilipolitoa, katikati ya mlango wa nyumba ya kwao Tumpe palikuwa na shimo lenye umbo la dole gumba langu, mpaka mistari yake unaihesabu. Kipande cha kwanza nilichokabidhiwa maishani mwangu, na nimekiunguza kama yule jogoo.

Mama Atupele alinusa.

"Filipo. Ulinawa mikono?"

"Sikunawa, Mama."

"Nionyeshe."

Nilishika mkono wake, kitu ambacho sikuwahi kuthubutu, nikaupeleka mlangoni. Alipapasa kingo za mlango, kisha dole lake likazama kwenye shimo likatulia hapo. Niliona mabega yake yanatikisika, nikajua analia. Nilipomtazama vizuri, alikuwa anacheka.

"Basi mlango umepata kitasa," alisema. "Acha hivyo hivyo."

"Mama, nitakata mwingine, nina povu begini..."

"Acha, nimesema. Sasa nitajua kama umemaliza kazi, hata nisipoona." Akalikandamiza lile shimo mara moja tena. "Ndaga fijo," alisema, yaani asante sana.

Hivyo ndivyo ilivyoanza. Daktari alishamwambia kwamba ni presha ya macho na hayatarudi, naye hakumwambia mtu, akaogopa kwamba wateja watakimbia na mimi nitarudi Ipogolo. Picha za harusi ile zilizunguka, watu wakaja wakisema na wao wanataka kitasa. Lakini hatukukiweka kwa ajili yao. Kwa miaka iliyofuata Mama Atupele aliendelea kuja kila ukumbi, ameshikwa mkono na Tumpe au na mimi, anapitisha kiganja juu ya picha nzima polepole, mpaka dole lake linaingia kwenye shimo. Hapo husema ndaga, na kazi imekwisha. Bila lile shimo asingejua.

Ndiyo maana kopo lisitupwe; gundi ikipungua, lijazeni. Msidanganye wateja kuhusu mababu. Semeni ni kosa la Mhehe mmoja, watapenda zaidi. Na mkimaliza, mnawe mikono.

Siku mliyoniaga, Neema, mlinitengenezea picha ya kiatu chenye soli ya tairi. Nilitoa macho nitafute pembe iliyokosewa, nikaikosa, mashine yenu iwe na afya njema. Mkaacha nafasi moja katikati kwa ajili yangu. Mlikuwa mmemleta Mama Atupele kutoka Tukuyu alikorudi kupumzika, amezeeka, haoni kabisa, amekaa mbele na kitenge chake. Nilipolifuata kopo msumarini nikamsikia: "Hapana. Wewe umestaafu. Nipe mimi."

Kopo ambalo lisingeingia ndani mpaka afe, alisema liletwe ndani. Akachovya dole. Mmoja wenu alitaka kumsaidia kuitafuta nafasi, nikamshika bega. Alipapasa kisigino, akapapasa kamba, akachukua muda wake, akaipata. Akabonyeza. *Fsss*.

"Ndaga, Filipo," alisema.

Picha iko sebuleni kwangu Ipogolo. Mke wangu ameshaniuliza mara tatu kwa nini kiatu kizuri namna ile kimetoboka, na kama aweke kipande cha karatasi. Nimemwambia asikiguse. Yeye akienda sokoni, mimi husogeza kiti, nikaingiza dole gumba langu mle. Haliingii lote. La Mama Atupele ni dogo kuliko langu.